Viazi vilivyokaa ovenini dakika 95 vikatoka vigumu

Wifi yangu ni mzaliwa wa Molo. Nalitanguliza hilo kwa sababu ndilo lililomuuma zaidi: mtoto wa Molo, aliyejua kumenya viazi kabla hajajua kusoma, awaalike wakwe zake chakula cha Jumapili halafu viazi viletwe mezani vikilia kru chini ya kisu. Nyama nayo ilikuwa kavu kama soli ya kiatu, lakini nyama ya nguruwe ikikauka watu husamehe, wameizoea hivyo. Kiazi kibichi mbele ya mkwe hakina wa kukitetea.

Nasimulia kwa ruhusa yake. Mimi kazi yangu ni kupikia watu sherehe ndogo ndogo hapa Nakuru, ila siku ile nilikuwa mgeni, nimeketi sebuleni kwake Lanet na wazazi wangu waliotoka Vihiga asubuhi, nimekatazwa hata kuchungulia jikoni. Kwa hiyo mengine niliyaona, mengine nilimwomba aniandikie kesho yake kabla hajasahau: alichotia, kiasi gani, saa ngapi. Ukitaka kujua chakula kilikoharibikia, saa ndiyo shahidi wa kwanza.

Pishi alilipata kwenye simu: chopsi za nguruwe na viazi, za kuoka, kwa mtindo wa Kiitaliano. Maelezo yalikuwa mepesi mno. Kata viazi vibichi mviringo, vitandaze chini ya bakuli la kuokea. Panga chopsi juu. Mwagia mchuzi wa nyanya wenye kitunguu saumu na oregano. Nyunyizia chenga za mkate na jibini, funika kwa foili, oka saa moja kwenye nyuzi 180. Basi. Wifi akafuata neno kwa neno, akiongeza mawili matatu yake. Viazi kilo moja na nusu, vya aina ya Shangi, vilivyochimbwa wiki hiyo hiyo shambani kwa mama yake. Chopsi sita, vile vipande vya mgongo vinavyokatwa pamoja na mfupa, unene wa sentimita moja na nusu. Nyanya nane alizisaga mbichi kwenye blenda, akaongeza vijiko viwili vya nyanya ya mkebe ili mchuzi uwe mwekundu kama kwenye picha, kisha akakamulia nusu limau, kwa sababu, alivyoniambia, "nguruwe bila limau hunuka". Likumbuke hilo limau.

Bakuli liliingia ovenini saa sita na robo. Saa saba na robo alifunua foili, akachoma kiazi kwa kisu, kikagoma. Akachana chopsi moja kando ya mfupa, akaona wekundu. Mama yangu, ambaye hakuna mlango wa jikoni umewahi kumzuia, alikuwa tayari amesimama nyuma yake. "Rudisha, mwanangu," akasema. "Nguruwe haichezewi." Ikarudishwa. Saa nane kasoro kumi ikatolewa kwa sababu ya aibu tu. Watoto walikuwa wameanza kula mkate mkavu. Jibini juu ilikuwa ngozi ya kahawia, chopsi zimejikunja pembeni, na chini yake viazi vimelala vyeupe, vinang'aa, vimenyooka kama vilivyopangwa. Dakika 95, na kingo bado zilikuwa kali.

Baba hakusema neno. Kwetu mkwe hamwambii mkamwana jambo la namna hiyo ana kwa ana. Alikula nyama, akavipanga viazi vyake ukingoni mwa sahani kimoja kimoja kwa adabu kubwa, kisha akainama kwa mama na kumuuliza kwa sauti ya chini kama kuna ugali.

Jumatatu jioni nilirudi Lanet na kipimajoto cha oveni, kipimajoto cha nyama na sufuria tatu ndogo. Wifi alikuwa na mshukiwa wake tayari: oveni. Kila anayeharibikiwa na chakula cha kuoka huanza na oveni, kwa sababu oveni haijibu. Yake ni ya umeme, chini ya jiko la kusimama lenye meko matatu ya gesi. Niliweka kitufe kwenye 180, nikakiacha kipimajoto ndani nusu saa. Kilicheza kati ya 155 na 170. Kwa hiyo oveni inadanganya, kweli, lakini uongo huo hautoshi. Chini ya foili, ndani ya mchuzi, kiazi hakijui kama hewa ya nje ina nyuzi 160 au 200. Kinachokigusa ni mchuzi, na mchuzi wa maji maji hauvuki joto lake la kuchemka. Hapa Nakuru tuko karibu mita 1,850 juu ya usawa wa bahari, na maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi, si 100 kama Mombasa. Oveni iliyopoa kidogo ilichelewesha bakuli kufika huko. Tuseme ilimwibia robo saa. Haikumwibia chakula kizima.

Mshukiwa wa pili alikuwa kiazi chenyewe, na hapa wifi alinuna. Alikuwa na haki. Tatizo la Shangi, kwa anayeijua, ni kinyume kabisa. Ndicho kiazi kilichojaa masoko yetu, kinakomaa kwa miezi mitatu tu, kinamaliza kuni na gesi kidogo, na ukikisahau motoni unakuta uji. Wauza chipsi wanakipenda kwa sababu kinaiva upesi, wapika mchuzi wanakilaani kwa sababu kinavunjika. Shangi kubaki kigumu baada ya saa moja na nusu ni kama kusikia kuwa mbuzi kakataa chumvi. Lazima kuna kilichomzuia.

Tulikata viazi vya gunia lile lile, unene ule ule. Sufuria ya kwanza tulitia maji na chumvi. Ya pili tulitia mchuzi alivyoutengeneza Jumapili, nyanya mbichi za blenda, nyanya ya mkebe, limau. Zote mbili juu ya gesi, zikichemka taratibu, zimefunikwa. Baada ya dakika 11 kisu kilipita kwenye kiazi cha maji kama kinapita kwenye siagi ya mchana. Kwenye nyanya, dakika hiyo hiyo, kilikuwa kibichi. Dakika 25 kingo zililegea kidogo, katikati kigumu. Dakika 40 bado kisu kilikuwa kinahitaji kusukumwa, na kipande nilichokitafuna kililia. Moto sawa, viazi vya mama mmoja.

Mimi nilikuwa nimefungua mdomo kueleza, nikaona wifi amekaza macho kwenye sufuria. "Wifi," akasema, "hii si ni maneno ya githeri?"

Ndiyo hiyo. Sikuwa na la kuongeza kwa dakika nzima. Hakuna nyumba kuanzia Molo mpaka Mbale ambako mtu hutia nyanya kwenye mahindi na maharagwe yanayochemka bado. Unachemsha kwanza mpaka yalainike, halafu ndipo unakaanga kitunguu, unatia nyanya, unaunga. Ukimuuliza bibi kwa nini, atakuambia nyanya "inayakazisha". Bibi ana kemia yake. Seli za kiazi, kama za maharagwe, zimeshikanishwa na gundi iitwayo pektini, na kulainika kwa chakula ni gundi hiyo kuyeyuka kwa joto. Asidi huifanya igome kuyeyuka. Nyanya ina asidi, nyanya ya mkebe ni nyanya iliyokolezwa, na limau halina haja ya utangulizi. Ongeza kwamba maji yetu yanachemkia chini, kwa hiyo hata joto lililobaki kushindana na asidi ni pungufu. Wifi alikuwa anajua kanuni hii tangu utotoni. Ilivaa jina la Kiitaliano tu, akapishana nayo mlangoni.

Sufuria ya tatu ilikuwa ya kuthibitisha. Viazi vilivyoiva kwenye maji tulivimwagia mchuzi ule ule mkali, vikachemka humo robo saa. Havikukaza tena. Asidi huzuia gundi isiyeyuke. Iliyokwisha kuyeyuka hairudishi. Maana yake nyanya haina kosa, kosa ni zamu.

Sasa nyama. Nadhani ilionewa. Ukiangalia saa zake, chopsi zile zilikuwa zimeiva muda mrefu kabla ya saa saba na robo. Zilikuwa nyembamba, za mgongo, sehemu isiyo na mafuta wala mishipa ya kulainika polepole. Nyama ya aina hiyo ikipita sana nyuzi 70 katikati hukamua maji yake yenyewe, na haiyarudishi hata uimwagie mchuzi wa dunia nzima. Zilirudishwa ovenini kwa mambo mawili: viazi vibichi, na ule wekundu karibu na mfupa. Wekundu wa kando ya mfupa si ushahidi. Rangi ya uboho hupenya mfupa na kuchora nyama hata ikiwa imeiva sawasawa. Bila kipimajoto huwezi kujua, na wifi hakuwa nacho. Ni kijisindano cha kuchoma katikati ya nyama, mbali na mfupa, na kwa maoni yangu kinafaa kununuliwa kabla ya blenda.

Lakini hofu ya mama siicheki. Marekani mwaka 2011 walishusha kiwango cha joto la kupikia nyama ya nguruwe isiyosagwa kutoka nyuzi 71 hadi 63 na kuipumzisha dakika tatu, na watu wengi mtandaoni hunakili 63 hiyo bila kuuliza nguruwe wao wanaishije. Wao nguruwe wao wamefungiwa. Huku magharibi yetu, Busia na sehemu za Homa Bay, watafiti wamefuatilia tegu wa nguruwe kwa miaka, kwa sababu nguruwe wanaozurura hula uchafu wa vichakani wanakojisaidia watu. Kwenye nyama tegu huonekana kama vifuko vidogo vyeupe, mfano wa punje za mchele. Hapo watu huchanganya jambo moja, nami nalisahihisha kila mara: kula vifuko hivyo nyama ikiwa mbichi kunakupa mnyoo tumboni, kifafa kinacholetwa na tegu hutokana na kumeza mayai yanayotoka kwenye choo cha mtu mwenye mnyoo, mikono isiyooshwa, mboga, maji. Hata asiyegusa nguruwe maishani anaweza kuyapata. Kwa hiyo mimi nanunua nyama yenye mhuri wa mkaguzi, natoa chopsi ovenini zikiwa na nyuzi 68, nazifunika, zinapanda zenyewe hadi 70 na ushei. Hapo mnyoo hana maisha na nyama bado ina maji. Mama aliridhika nilipomwonyesha namba kwenye simu, japo alisema namba haina pua.

Neno moja juu ya huo Uitaliano. Napoli wana pishi la pizzaiola, nyama iliyopikwa kwa nyanya, kitunguu saumu na oregano. Ni la haraka, na viazi havimo. Viazi vya kuoka vya Kiitaliano kwa kawaida ni mafuta ya zeituni, rosemari na chumvi, nyanya haimo. Bakuli linalounganisha yote, na chenga za mkate juu, lina harufu ya jikoni za Waitaliano waliohamia Marekani kuliko za kwao. Silaumu, sisi tumefanya mangapi na chapati. Ila ni vizuri kujua kwamba mtu aliyebandika mapishi mawili kwa gundi alisahau kuwa moja lilikuwa linaikimbia nyanya. Kuna la kunipinga, na ni halali: Bari, kusini mwa Italia, wana tiella, viazi vibichi, mchele na kome kwenye chombo kimoja, na nyanya imo. Lakini nyanya yenyewe ni vipande vichache vya kutawanya, na viazi hukatwa vyembamba sana. Si blenda nzima.

Jumamosi iliyofuata tulirudia, wifi akishika kisu, mimi nikiwa nimekaa kwenye kigoda na mikono mapajani. Mwenye bucha nilimbadilishia oda: chopsi za bega, zenye michirizi ya mafuta, unene wa sentimita mbili na nusu. Bega linavumilia, ukichelewa dakika tano halikuadhibu. Alizipaka chumvi usiku wa Ijumaa, kijiko kidogo cha chai kwa nusu kilo ya nyama, zikalala kwenye friji bila kufunikwa. Hii hatua wengi huiruka na ndiyo inayofanya nyama ishike maji yake.

Viazi vilikatwa unene wa sentimita moja, vikachemshwa kwenye maji ya chumvi dakika saba tangu yalipoanza kutokota. Kwa Shangi usiende kuongea na simu. Anamwaga maji, anakirudisha kiazi kwenye sufuria yenye moto, anatikisa kidogo mpaka kingo zichubuke na mvuke utoke. Hizo kingo zilizochubuka ndizo zitakazogeuka ganda. Mafuta vijiko vinne, kitunguu saumu kilichopondwa, kitunguu maji kilichokatwa vipande vinene, na rosemari. Rosemari hakununua. Ua wa jirani yake wote ni rosemari, imepandwa kama uzio, na watu hupita nayo wakidhani ni mapambo. Alivunja matawi mawili akiomba ruhusa kwa sauti, jirani akacheka akauliza wanapika nini na ua.

Viazi viliingia ovenini peke yao, bila foili, kitufe kwenye 210 ili tupate 190 ya kweli. Kwenye trei ya bati safari hii, si bakuli la kioo. Bati linashika moto upesi na kukausha chini. Dakika 25. Wakati huo mchuzi ulikuwa juu ya gesi: nyanya tano zilizokatwa, kijiko kimoja cha nyanya ya mkebe, kitunguu saumu, oregano kavu, sukari ya kubana kwa vidole viwili, unachemka mpaka ukawa mzito kiasi kwamba mwiko ukipita chini ya sufuria njia inabaki wazi kidogo. Limau tulilifungia kabatini. Chopsi alizifuta maji na kuzikausha kwa taulo ya karatasi, akazigusisha kikaangoni chenye moto mkali dakika mbili kila upande, rangi tu.

Halafu akaunganisha. Chopsi juu ya viazi, kijiko kikubwa cha mchuzi juu ya kila chopsi, sio juu ya viazi. Mchuzi wa kumwagia ulibaki kwa meza. Chenga za mkate alizichanganya na mafuta kidogo na jibini iliyokunwa, akainyunyiza juu ya mchuzi. Jibini ya Jumapili ile ilikuwa imepikwa dakika 95, na jibini haina kazi ya dakika 95. Hii ilipata 14. Kijisindano kilisoma 67 nilipoinuka kwenye kigoda, nikajikalisha. Kikasoma 68 yeye akiwa ameshatoa.

Nyama ilitoa maji ukikata. Viazi vya pembeni vilikuwa na ganda la dhahabu, vya chini ya chopsi vilikuwa laini na vimekunywa mafuta ya nyama, na hivyo vya chini ndivyo vilivyogombaniwa. Kaka yangu, ambaye Jumapili ile alijifanya hana njaa, alipangusa trei kwa mkate.

Kuna jambo moja ambalo ningelibadilisha bado. Trei ile ni ndogo kwa kilo moja na nusu ya viazi. Vilivyoko katikati vilirundikana, vikapata mvuke badala ya moto. Kilo moja na robo ingetosha, au trei mbili. Wifi hakubali. Anasema kupunguza viazi mbele ya wageni ni kutangaza kuwa Molo kumekauka.

Wiki mbili baadaye alialika tena wakwe, peke yake, mimi nikiwa kazini Njoro. Safari hii alisonga na ugali mapema, akaufunika, endapo. Saa sita na nusu simu yangu ikalia ndani ya aproni.

"Wifi, viazi vimeiva na chopsi bado ziko kikaangoni. Nifanye nini?"

"Vitoe nje vikae. Havikasiriki."

"Na mama ameingia jikoni."

"Mpe kipimajoto ashike," nikamwambia.